Trinity na Bambino: Wezi wa farasi walioshindwa kuwa majambazi

Kama umewahi kukaa kibanda umiza ukacheka mpaka mbavu zikauma kwa jamaa mmoja mnene anayepiga watu ngumi ya utosi, basi huyo huenda ni Bud Spencer. Mwenzake mwembamba, mwenye macho ya bluu, ni Terence Hill. Picha zao mbili za kauboi zilizovuma zaidi ni hizi za Trinity.

Ni kina nani?

Wote wawili ni Waitaliano. Hill jina lake halisi ni Mario Girotti, alizaliwa 1939. Spencer ni Carlo Pedersoli, alizaliwa 1929 na kufariki 2016. Kabla ya sinema, Spencer alikuwa muogeleaji: mwaka 1950 alikuwa Muitaliano wa kwanza kumaliza mita 100 chini ya dakika moja, kisha akaenda Olimpiki za 1952 na 1956.

Picha ya kwanza (1970)

Imeongozwa na Enzo Barboni, na ilichezwa Italia, ingawa hadithi yake ni ya Marekani. Trinity ni mvivu kupindukia, analala huku farasi anamburuta. Kaka yake, Bambino, ni mwizi wa farasi aliyejifanya sherifu ili apate kuiba vizuri.

Shida inaanza pale tajiri mmoja, Meja Harriman, anapotaka kuwafukuza wakulima bondeni ili farasi wake wapate malisho. Trinity anawaonea huruma wakulima, Bambino anaburuzwa naye. Mwisho wa siku meja anachezea kichapo, na wale farasi ambao Bambino alikuwa anawamezea mate wanaishia kwa wakulima. Mwizi anabaki mikono mitupu!

Picha ya pili (1971)

Hapa ndiyo vichekesho vyenyewe. Baba yao, anayejifanya yuko kufani, anawataka washirikiane kwenye ujambazi. Wanasimamisha mkokoteni wa familia yenye mtoto mgonjwa, lakini badala ya kuiba, wanaishia kuwasaidia na kuwapa hela.

Kwa nini zinaeleweka kirahisi?

Kwa sababu kichekesho kiko mwilini: makofi, viti kuvunjika, sahani ya maharage kufutwa kwa mkate. Hata bila mtafsiri kama Lufufu wa hapa Tanzania au DJ Afro wa Kenya, mtoto anaelewa.

Kwa watu wa Genkuru

Huku Tarime na Serengeti, wizi wa mifugo si jambo la mzaha. Ng'ombe ni ada ya shule, ni mahari, ni akiba ya nyumba. Zizi likivunjwa usiku, familia inarudi nyuma miaka, na kisasi kinaweza kumwaga damu. Ugomvi wa shamba na malisho nao haujawa hadithi ya zamani.

Kwa hiyo mzazi, ukiwawekea watoto picha hii, kaa nao. Sehemu ya kwanza ina watu wanaopigwa risasi, hivyo wadogo sana wasubiri. Halafu waulize: wizi uliwapa nini hawa ndugu? Jibu liko wazi. Kila walipopanga kuiba walitoka patupu, na waliheshimiwa pale tu waliposimama na mnyonge.

Cheka, ila mwizi wa Trinity mwache abaki kwenye skrini.