JENGO HALIKUUNGUA

Ndugu wanachama, kikundi chetu kimetimiza miaka kumi, na wengi wetu tunakula kwa cherehani. Kwa hiyo naomba niwaeleze habari za jengo moja la New York, kule Marekani.

Jengo hilo, liitwalo Asch, lilikamilika mwaka 1901. Lina ghorofa 10 na mihimili ya chuma, likasifiwa kwamba moto haliliwezi. Ghorofa tatu za juu zilikuwa kiwanda cha blauzi cha Triangle. Washonaji wengi walikuwa wasichana wahamiaji.

Tarehe 25 Machi 1911 moto ukawaka. Mlango mmoja wa ngazi ulikuwa umefungwa kwa ufunguo, eti kuzuia wizi. Ngazi ya chuma ya nje ikavunjika. Ngazi za zimamoto ziliishia ghorofa ya 6. Wakafa watu 146, kati yao wanawake 123. Jengo lenyewe lilisimama, na mpaka leo lipo, ni la chuo kikuu.

Akina mama, hata sisi mlango wa nyuma tulikuwa tunautia kufuli, kisa vitenge visiibiwe. Basi kuanzia sasa, saa za kazi kufuli hapana. Kitambaa kinanunuliwa tena, mtu hanunuliwi.