Maji Yanayodondoka Darini Msimu wa Kipupwe: Chanzo Chaweza Kuwa Bomba la Feni, Si Paa

Na Mwandishi Wetu

Wakazi wa Nyanda za Juu Kusini wanaojenga au kukarabati nyumba zenye bafu la ndani wanapaswa kufahamu tatizo moja ambalo aghalabu hupewa jina lisilo lake. Doa la rangi ya chai hujitokeza kwenye dari kuizunguka feni ya kutolea hewa, matone huanza kudondoka kupitia feni hiyo, na mwenye nyumba humwita fundi wa paa. Mabati hukaguliwa, misumari huzibwa upya, pengine bati zima hubadilishwa kwa gharama, na baada ya muda mfupi doa hurejea palepale.

Jambo la kwanza la kutazama ni kalenda. Katika maeneo kama Njombe, Makete na Mbeya, msimu wa Kipupwe, yaani Juni hadi Agosti, ni wakati wa baridi na ukavu. Maji yanayodondoka darini asubuhi ya Julai, muda mfupi baada ya familia kuoga kwa maji ya moto, hayakutoka juu ya paa. Yametoka bafuni yakiwa mvuke, yakapanda na feni, yakakutana na bomba la baridi lililopita kati ya dari na bati, yakageuka maji na kurudi chini kwa njia ileile.

Hewa hubeba mvuke kwa kadiri ya joto lake. Mita moja ya ujazo ya hewa yenye nyuzijoto 25 za Selsiasi huweza kubeba takriban gramu 23 za mvuke. Ikipoa hadi nyuzijoto 10, uwezo huo hushuka hadi gramu 9 na kidogo. Zile gramu 14 hivi zinazobaki hujishika kwenye kitu baridi kilicho karibu, nacho ni ukuta wa ndani wa bomba. Feni ya bafu inayovuta lita 15 kwa sekunde hupitisha mita za ujazo 13.5 kwa robo saa. Iwapo hewa hiyo yote ingekuwa imeshiba mvuke na kupoa kwa kiasi hicho, maji yangefikia gramu 180 hivi, karibu robo tatu ya glasi. Ni kweli kwamba bomba fupi halipozi hewa kikamilifu namna hiyo. Hata hivyo, katika nyumba ya watu watano wanaooga asubuhi moja, hata sehemu ndogo ya kiasi hicho, ikirudiwa kila siku, hutosha kuilegeza dari ya jipsamu.

Aidha, paa la bati huongeza ukali wa tatizo. Usiku usio na mawingu bati hupoteza joto kuelekea angani na huweza kuwa baridi kuliko hewa inayolizunguka, ndiyo maana alfajiri hulowa umande. Nafasi iliyo chini yake hupoa pamoja nalo. Kwa sababu hiyo, kosa kubwa kuliko yote ni lile la fundi kukatisha bomba humohumo darini, au kutoweka bomba kabisa, akiamini kwamba mvuke utajitafutia njia. Mvuke huo hugeuka maji chini ya bati, hulowesha mbao za kenchi na nyaya za umeme, na huotesha kuvu ambayo huwasumbua hasa watoto na wenye pumu. Bomba ni lazima lifike nje ya nyumba. Kuliishia karibu na tundu la pembeni mwa paa hakutoshi.

Nchini Uingereza, ambako dari hufunikwa kwa pamba nene ya kuzuia joto na nafasi ya juu yake hubaki ya baridi wakati wote wa majira ya baridi, tatizo hili limeandikiwa miongozo. Kanuni za ujenzi za England zinataka feni ya bafu iweze kuvuta angalau lita 15 kwa sekunde, na ya jikoni lita 30 iwapo iko juu ya jiko au 60 iwapo iko mahali pengine. Bomba linalopita sehemu isiyo na joto hutakiwa kuvikwa kizuizi cha joto chenye unene usiopungua milimita 25 cha aina ya pamba ya glasi. Viwango hivyo si sheria hapa nchini, lakini kanuni za fizikia ni zilezile, na fundi wa Makete anaweza kuvitumia kama kipimo.

Kwa anayejenga upya, ushauri ulio bora na wa gharama ndogo ni kutopitisha bomba darini kabisa. Bafu lenye ukuta wa nje liwekewe feni ukutani. Bomba litakuwa na urefu wa unene wa tofali tu, na likitega kidogo kuelekea nje, tone lolote litaangukia uani. Wengi huchagua feni ya dari kwa sababu ya mwonekano, na mwonekano huo ndio unaoharibika kwanza.

Pale ambapo dari haiepukiki, bomba liwe fupi na gumu. Bomba la plastiki la inchi 4 hufaa bafuni kuliko lile laini la alumini lenye mikunjo, kwa kuwa kila mkunjo hupunguza nguvu ya hewa na kila sehemu iliyolegea hugeuka bakuli la kukusanya maji. Likilazimika kutumika, livutwe hadi linyooke, lifungwe kwenye mbao kila baada ya hatua fupi, na viungo vizibwe kwa utepe wa alumini. Bomba linalolala liwe na mwinamo wa takriban sentimita 2 kwa kila mita, kutoka kwenye feni kuelekea nje. Linalosimama wima kupenya paa haliwezi kuinamishwa. Hilo liwekewe kinasa maji juu ya feni, chenye kibomba chembamba cha kutoa maji nje. Kisha bomba lote livikwe pamba bila kuacha sehemu wazi, kwa maana sehemu iliyoachwa wazi ndiyo mvuke utakapogeukia maji.

Feni nayo iachwe ikizunguka kwa dakika 15 baada ya kuoga. Kuizima mara mtu anapotoka huacha bomba limejaa mvuke uliosimama. Chini ya mlango kuwe na upenyo wa sentimita 1 hivi, kwani feni haiwezi kutoa hewa ambayo haina pa kuingilia. Karatasi laini ikishikwa mbele ya feni na isivutwe, ama upenyo haupo, ama njia imeziba.

Jikoni kuna sababu ya ziada ya kuzingatia haya. Mkakati wa Taifa wa Matumizi ya Nishati Safi ya Kupikia wa 2024 hadi 2034 unalenga asilimia 80 ya Watanzania watumie nishati hiyo ifikapo 2034, na kaya nyingi zinahamia kwenye gesi. Gesi haina moshi wa kuni, lakini kila kilo moja ikiungua huzalisha maji yapatayo kilo 1.6 katika hali ya mvuke. Mtungi wa kilo 6 unapokwisha, takriban lita 9 na nusu zimeingia hewani, bado hayajahesabiwa ya sufuria. Bomba la jikoni liwe la chuma kwa sababu ya joto na mafuta, na lisiunganishwe na la bafu wala na bomba la moshi la hita ya gesi, ambalo huweza kurudisha kaboni monoksidi ndani ya nyumba.

Katika ukanda wa Pwani hali hugeuka. Darini ni joto, hivyo bomba la feni halitoi maji. Kinachotona huko ni mabomba ya baridi ya kiyoyozi, nayo huvikwa kizuizi chenye ngozi ya nje isiyopitisha mvuke.

Endapo maji yamekwisha kuonekana ndani ya feni, swichi kuu izimwe kabla ya mtu yeyote kupanda ngazi. Kazi ya nyaya ifanywe na fundi umeme mwenye leseni ya EWURA, na feni iliyolowa ibadilishwe baada ya bomba kurekebishwa, si kabla.