MIOME: Chuo cha ufundi kilichozaliwa kwa michango na kugeuka chuo kikuu

KABLA ya kuitwa Chuo Kikuu cha Kiufundi cha Mombasa, taasisi iliyoko Tudor ilijulikana kwa herufi tano tu: MIOME. Kilikuwa kifupisho cha jina la Kiingereza lenye maana ya Taasisi ya Elimu ya Waislamu ya Mombasa, na wapo wakongwe wa mji huo ambao ulimi wao haujaliacha.

Chuo hicho hakikuanza kama mradi wa serikali pekee. Mwishoni mwa miaka ya 1940, Aga Khan wa tatu, Sultani wa Zanzibar, jamii ya Mabohora, Sheikh Khamis wa Mombasa na Wizara ya Makoloni ya Uingereza waliunganisha nguvu kukianzisha. Hati ya kukiidhinisha ilitolewa mwaka wa 1948, Sir Philip Mitchell akiwa Gavana wa Kenya.

Sultani Seyyid Khalifa bin Harub ndiye aliyeweka jiwe la msingi, na alitoa mchango wa Sh2 milioni. Msomaji wa leo asizidharau fedha hizo. Wakati huo shilingi 20 zilitosha pauni moja, hivyo mchango huo ulikuwa sawa na pauni 100,000. Wala asishangae kwamba mtawala wa Zanzibar alijishughulisha na chuo cha Mombasa, kwani ukanda wa maili kumi wa pwani ulihesabiwa kuwa milki yake hadi Kenya ilipopata uhuru 1963.

Haja yenyewe ilikuwa kubwa. Shule nyingi za wakati huo ziliendeshwa na wamishonari, na wazazi Waislamu walihofia kuwapeleka watoto wao huko wasije wakabadilishwa dini. Matokeo yake, vijana wengi wa pwani walibaki nyuma katika elimu ya kisasa, huku bandari na reli zikihitaji mafundi karibu na milango yao.

Wanafunzi wa kwanza waliingia Mei 1951. Chuo kilikusudiwa Waislamu wa Afrika Mashariki nzima, si wa Mombasa peke yao. Walifundishwa uhandisi wa umeme na wa mitambo, useremala, na pia ubaharia na uongozaji wa vyombo baharini. Masomo hayo ya mwisho yalistahili mahali penyewe, kwani Tudor imepakana na mkono wa bahari.

Upepo wa uhuru ulipovuma mapema katika miaka ya 1960, milango ilifunguliwa kwa watu wa dini na rangi zote. Mwaka wa 1966 jina lenyewe lilibadilika, kikawa Taasisi ya Kiufundi ya Mombasa. Mwaka wa 1972 kilipandishwa kuwa Mombasa Polytechnic, ya pili nchini baada ya Kenya Polytechnic ya Nairobi.

Mabadiliko yaliyozua mjadala zaidi yalikuja Agosti 2007, kilipofanywa chuo kikuu kishiriki chini ya Chuo Kikuu cha Jomo Kenyatta. Januari 2013 Rais Mwai Kibaki alikikabidhi hati ya kuwa chuo kikuu kamili. Kenya Polytechnic nayo ilipitia njia hiyo hiyo.

Hakuna mpwani atakayechukia kuwa na chuo kikuu nyumbani. Hata hivyo, anayeingia kusomea shahada hutakiwa kuwa na alama ya C+ katika mtihani wa kidato cha nne, ilhali mafunzo ya stashahada na ya ufundi humpokea hata aliyepata alama ya chini ya hiyo. Kozi za stashahada hazikufutwa Tudor, lakini heshima, fedha na walimu hufuata shahada. Ndivyo ilivyo penye vyuo vikuu.

Pengo hilo lilianza kuzibwa 2016, taasisi nyingine ya mafunzo ya kiufundi mjini Mombasa ilipopandishwa hadhi na kuitwa Kenya Coast National Polytechnic. Kwa miaka hiyo tisa, tangu 2007, pwani haikuwa na chuo cha ufundi cha kitaifa, na kijana aliyetaka mafunzo ya ngazi hiyo nje ya chuo kikuu alilazimika kuyatafuta mbali na kwao.