Mzigo Usiopimwa kwa Frasila: Hadithi za Bara Hindi na Njia ya Tabora

Mzigo mzito mpe Mnyamwezi. Msemo huu waujua mtoto na mkubwa katika Pwani yetu, na asili yake ni njia ya misafara iliyoanzia Bagamoyo, ikapanda hadi Mpwapwa, ikakata nchi ya Ugogo, ikafika Unyanyembe, yaani Tabora, kisha ikaendelea mpaka Ujiji ukingoni mwa Ziwa Tanganyika. Waandishi wa historia wamekwisha hesabu pembe zilizoteremka kwa njia hiyo, na nguo na shanga zilizopanda. Lakini ulikuwapo mzigo mwingine ambao haukupimwa kwa frasila wala kutozwa hongo na watemi wa njiani. Mzigo huo ni hadithi.

Wako katika sisi wanaozidharau hadithi za wazee na kuziita porojo za kulazia watoto. Na wako wanaozigombea, huyu akisema ni zetu Waswahili, na yule akisema ni za Waarabu au za Wahindi. Yafaa basi, ndugu msomaji, tukitazame kisa kimoja tu ambacho kila nyumba ya Pwani imekisikia, tuone kimetoka wapi, kimepita mikononi mwa nani, na kinatudai nini.

WALIOKUTANA TABORA

Mwezi wa Juni 1857 Waingereza wawili, Richard Burton na John Hanning Speke, waliondoka Pwani kwenda kutafuta maziwa makuu ya bara. Tarehe 7 Novemba mwaka huo waliingia Kazeh, mahali ambapo leo ni Tabora. Aliyewapokea na kuwakirimu ni Sheikh Snay bin Amir, wa kabila la Harthi. Sheikh huyu alianza maisha kwa biashara ya vitu vitamu huko Maskati, na baadaye akawa mmoja wa matajiri wakubwa wa pembe. Burton hakuwa mwepesi wa kumsifu mtu, lakini alimsifu Sheikh Snay kwa kusoma kwake, kwa uhodari wa kukumbuka, na kwa kuzijua lugha za bara.

Huko huko Kazeh ilikuwako nyumba ya Musa Mzuri, Mhindi Mwislamu wa mji wa Surat katika nchi ya Gujarati. Kwa maelezo aliyoyapokea Burton, Musa na kaka yake Sayan walifika Unyamwezi wapata mwaka 1825, kabla mji wa Tabora haujasimama.

Tena katika msafara wa Waingereza hao alikuwamo Sidi Mubarak Bombay. Huyu alikuwa Myao, akatekwa angali mtoto, akauzwa Kilwa, akapelekwa Bara Hindi. Bwana wake alipofariki akapata uhuru, akarudi Unguja. Speke alisema naye kwa Kihindustani, maana hiyo ndiyo lugha waliyokuwa wakisikilizana. Bombay alipita Tabora safari baada ya safari: pamoja na Burton na Speke, kisha na Stanley mwaka 1871, kisha na Cameron mwaka 1873.

Basi fikiri: Mwarabu msomaji wa vitabu, mfanya biashara wa Surat, Myao aliyekulia Bara Hindi, na Mnyamwezi mwenyeji mwenye hadithi zake za sungura, wote mji mmoja, zaidi ya kilomita 700 kutoka baharini. Watu wa namna hii ndio wachukuzi wa hadithi. Hadithi haisafiri peke yake. Huingia kwa mdomo wa mtu, hukaa barazani au kando ya moto wa kambi, na asubuhi huondoka na mtu mwingine.

KIMA, PAPA NA PUNDA WA DOBI

Kisa chenyewe ni hiki. Kima aliishi juu ya mkuyu ulioinamia bahari, akafanya urafiki na papa kwa kumtupia matunda. Siku moja papa akamwalika kwao, akamchukua mgongoni. Walipofika kilindini papa akamwambia kweli: sultani wetu ni mgonjwa, na dawa yake ni moyo wa kima. Kima akajibu kwa utulivu kwamba laiti angaliambiwa mapema, kwani wao kima huacha mioyo yao mtini wanaposafiri. Papa akamrudisha. Kima akaruka juu ya mti, na alipoitwa tena akasema, waniona mimi punda wa dobi?

Hapo huingia kisa cha pili ndani ya kile cha kwanza. Simba mgonjwa alitaka nyama, na sungura akaenda kumdanganya punda wa dobi. Punda akaja, akararuliwa, akakimbia. Sungura akamfuata, akamdanganya tena, na punda akarudi, akauawa. Sungura akaula moyo na masikio. Simba alipouliza viko wapi, akajibiwa kuwa punda huyu hakuwa navyo; angalikuwa na moyo na masikio asingalirudi mara ya pili.

Kisa hiki kilichapwa mwaka 1870 katika kitabu cha hadithi za Kiswahili alichokusanya Edward Steere, kasisi wa Kiingereza aliyekaa Unguja tangu 1864 hadi 1868. Lakini umri wake wapita mbali mwaka huo. Kimo katika Panchatantra, kitabu cha Kisanskriti cha Bara Hindi, visa vyote viwili vikiwa kimoja ndani ya kingine. Na kima na adui yake wa majini wamo pia katika Jataka, visa vya kale vya wafuasi wa Buddha.

Katika karne ya 6, zama za Anushirwan mfalme wa Waajemi, tabibu Burzoe alivipeleka visa hivyo Uajemi akavifasiri kwa lugha ya huko. Katika karne ya 8 Ibn al-Muqaffa, Mwajemi aliyesilimu na kuwa bingwa wa nathari ya Kiarabu, akavitia katika Kiarabu kwa jina la Kalila wa Dimna. Kutoka Kiarabu vikaenda kwa Kihispania mwaka 1251, na pia kwa Kiebrania na Kilatini, na katika karne ya 17 mshairi wa Kifaransa La Fontaine alikiri waziwazi kuwa ana deni kwa mwenye hekima wa Kihindi. Upande wa mashariki, Wakorea wana kisa cha sungura na kasa ambamo mfalme wa bahari ataka ini la sungura, nacho kimo katika kitabu chao cha tarikh cha mwaka 1145. Na Wagiriki wa kale, katika visa vya Esopo, wana simba, mbweha na paa dume: mbweha ameula moyo, naye anasema paa huyu hakuwa na moyo.

Pwani yetu ilikuwa na milango miwili ya kupokea kisa kama hiki: kitabu cha Kiarabu, na midomo ya mabaharia na wafanya biashara wa Gujarati waliokuja na kaskazi. Hata neno dobi lenyewe ni la Kihindi.

KILA NCHI NA MKONO WAKE

Sasa linganisha. Katika Panchatantra adui wa kima ni mamba. Katika Kalila wa Dimna ni kasa. Kwetu ni papa, kwa sababu papa ndiye anayeogopwa na wavuvi wetu. Mdanganyifu wa punda huko Bara Hindi na Arabuni ni bweha. Kwetu amevuliwa joho akavishwa sungura, ambaye ni mjanja wa hadithi za bara yote, na Unyamwezi pia. Yaani Mhindi katoa kisa, Mwarabu kakitia katika kitabu, Mwafrika wa bara katoa mchezaji wake, na Mswahili kavifunga vyote mzigo mmoja. Nani basi atasema ni changu peke yangu?

Lakini liko badiliko moja zito kuliko hayo. Katika Panchatantra na Kalila wa Dimna, anayeutaka moyo ni mke wa rafiki, kwa wivu wa nyumbani. Katika kisa cha Unguja anayeutaka ni sultani. Kumbuka kisa hiki kiliandikwa miaka gani. Soko la watumwa la Unguja lilikuwa bado wazi. Halikufungwa mpaka Juni 1873. Msimulizi katika mji ule alisema habari ya mnyonge anayealikwa kwa maneno ya urafiki, akapelekwa asikotaka, ili mkubwa apate afya yake. Wasikilizaji wake hawakuhitaji kufafanuliwa.

TUNAPOKAA UPANDE WA KIMA

Kila mtoto akisikia kisa hiki hukaa upande wa kima. Hakuna anayetaka kuwa papa. Lakini katika njia ya Tabora wako watu wetu, wa dini yetu na wa lugha yetu, waliofanya kazi ya papa. Ni kweli kwamba wapagazi wengi wa Kinyamwezi walikuwa watu huru wenye kulipwa ujira, na kwamba watemi na wafanya biashara wa bara nao walikuwa na mkono katika kuuza watu. Hayo hayatuondolei letu. Qur'ani katika Sura al-Balad imehesabu kumwacha huru mtumwa katika kuipanda ile njia nzito ya kheri. Na katika Hadithi Kudsi aliyoipokea Bukhari, mtu anayemwuza muungwana na kula thamani yake ni miongoni mwa wale ambao Mwenyezi Mungu mwenyewe atakuwa hasimu wao Siku ya Kiyama. Walioteka watu huru na kuwateremsha Pwani hawakuwa na hoja mbele ya maneno hayo. Bombay alikuwa mtoto wa watu kabla hajawa bidhaa.

Hii ndiyo faida ya hadithi: humpa mtu hukumu kabla hajajua kuwa kesi ni yake. Qur'ani nayo, mwisho wa Sura Yusuf, yatuambia kuwa katika visa vya Mitume mna mazingatio kwa wenye akili. Na yule punda aliyerudi kwa simba baada ya kuraruliwa atukumbushe fundisho la Mtume wetu (s.a.w.), kwamba Muumini haumwi mara mbili katika tundu moja. Mafunzo haya hayabagui kabila.

Mzigo huu haukutuliwa Tabora. Julius Nyerere, aliyesoma Shule ya Serikali ya Tabora na baadaye akafundisha mjini humo, alifasiri kwa Kiswahili Mabepari wa Venisi wa Shakespeare mwaka 1969, mchezo ambamo mdai ataka ratili ya nyama karibu na moyo wa mdaiwa wake. Tena moyo! Na miembe mikongwe ya Tabora na Ujiji, ambayo asili yake ni Bara Hindi, ingali yazaa, na aulaye embe lake hasemi ni tunda la kigeni.

Nasi wazazi, hadithi hizi tumezipokea kwa mikono ya watu wengi, wa dini na rangi mbali mbali, na wengine wao walikuwa na minyororo shingoni. Ni amana. Tuwasimulie watoto wetu baada ya Isha, tuwaambie zilikotoka, wala tusiwafiche tulipokosea. Mwenyezi Mungu atujaalie mioyo yenye kuzingatia na masikio yenye kusikia. Amin.