STEMPU YA CHAKULA NA DUKA LA MTAANI

Walimu, tafadhalini andikeni ubaoni maneno haya matatu: ziada, stempu, kibali. Tutayakuta yote katika somo la leo. Somo lenyewe ni historia ya nchi ya Marekani, jinsi serikali yake ilivyoanza kuwasaidia maskini kupata chakula kwa njia ya maduka.

Mwaka 1929 biashara ya Marekani ilianguka. Viwanda vilifungwa na mamilioni ya watu wakakosa kazi. Sasa sikilizeni jambo la ajabu. Mjini watu walikuwa na njaa, na huko shambani mkulima alikuwa na mazao yasiyo na mnunuzi. Mazao hayo yaliyozidi ndiyo tunayoyaita ziada. Kwanza serikali ilinunua ziada na kuigawa bure. Watu walipanga mstari, na kila mmoja akapewa kilichokuwapo, akipende asikipende. Wenye maduka nao walinung'unika, maana aliyepewa unga bure hakuja tena kununua unga.

Basi tarehe 16 Mei 1939, katika mji wa Rochester, jimbo la New York, ulianza mpango mpya. Waziri wa Kilimo wakati huo alikuwa Henry Wallace. Mtu mwenye shida alinunua stempu za rangi ya machungwa kwa fedha zake mwenyewe. Kwa kila dola 1 aliyotoa, aliongezewa bure stempu za buluu za senti 50. Stempu ya machungwa ilinunua chakula cho chote. Ya buluu ilinunua vile tu vilivyotangazwa kuwa ni ziada, kama siagi, mayai na maharagwe. Mwenye duka alizipokea, kisha akalipwa fedha na serikali. Hivyo walifaidika watu watatu: mnunuzi, mwenye duka na mkulima. Mpango huo ulikoma mwaka 1943, kwa kuwa vita vilileta kazi, na ziada ikaisha.

Je, maskini nao waliisha? La, hawakuisha. Mwaka 1961 Rais John Kennedy aliurudisha mpango kwa majaribio. Stempu za kwanza ziliuzwa katika wilaya ya McDowell, jimbo la West Virginia, kwenye machimbo ya makaa ya mawe. Tarehe 31 Agosti 1964 Rais Lyndon Johnson alitia sahihi sheria ya stempu za chakula.

Lakini palikuwa na kasoro kubwa. Watu walio wengi walitakiwa watoe fedha kwanza ndipo wapate stempu. Mwenye kuokota senti leo na senti kesho atapata wapi fedha nyingi kwa mara moja? Sheria ya mwaka 1977 iliondoa sharti hilo. Lilipokoma Januari 1979, watu milioni 1.5 zaidi waliingia katika mpango kwa mwezi huo mmoja. Fikirini idadi hiyo ya watu waliokuwa wamekaa mlangoni!

Sasa tuingie dukani. Si kila duka linaruhusiwa kupokea msaada huu. Ni lazima lipate kibali cha serikali. Tena si kila kitu hununuliwa. Pombe, sigara na sabuni hazimo, wala kwa kawaida chakula cha moto kilichopikwa tayari. Zamani mnunuzi alichana stempu zake mbele ya watu wote, na wengi waliona haya. Mwaka 1984 mji wa Reading, jimbo la Pennsylvania, ulijaribu kutumia kadi badala ya karatasi. Kufikia mwaka 2004 majimbo yote yalikuwa yakitumia kadi, na mwaka 2008 mpango ukaitwa SNAP.

Aibu ilipungua, lakini kadi hainunui kisichokuwapo dukani. Katika mitaa mingi ya maskini duka kubwa liko mbali. Asiye na motokaa huenda duka dogo la karibu, pengine la kituo cha petroli. Humo hukuta soda, biskuti na vyakula vya makopo. Mboga mbichi ni chache, na bei mara nyingi iko juu. Maduka madogo ya namna hiyo yenye kibali ni mengi sana, lakini sehemu kubwa ya fedha za kadi hutumika katika maduka makubwa. Anayeweza kusafiri, husafiri. Asiyeweza hula alichoweka mwenye duka.

Kwa sababu hiyo Bunge la Marekani lilipitisha sheria mwaka 2014. Vyakula viligawanywa mafungu manne: nyama na samaki, mikate na nafaka, mboga na matunda, na maziwa. Zamani duka lilitakiwa kuwa na aina 3 katika kila fungu. Sheria mpya ilitaka 7. Wenye maduka madogo walilalamika kwamba nafasi ni ndogo na vyakula vibichi huoza. Utekelezaji ukacheleweshwa kwa miaka mingi.

Basi wasikilizaji, kumpa mtu uwezo wa kununua ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni chakula chema kiwe karibu naye.

Maswali ya kuzungumza darasani:
1. Kwa nini wenye maduka hawakupenda chakula kigawiwe bure?
2. Sharti lililoondolewa mwaka 1979 liliwazuia watu gani?
3. Kama ninyi mngekuwa wenye duka dogo, mngeijibu vipi sheria ya mwaka 2014?