Namba ya Kutoa na Namba ya Kupokea

Mtu mzima wa hapa Kikatiti siku hizi ana namba nyingi kuliko mbuzi. Ana namba ya simu, ana namba ya kadi ya mpiga kura, ana namba ya kitambulisho cha Taifa yenye tarakimu 20, na kama ana duka au leseni ya udereva ana namba ya mlipakodi yenye tarakimu 9. Ikiwa amepata kuajiriwa, ana pia namba ya uanachama katika mfuko wa hifadhi ya jamii. Vijana hudhani mambo haya yameletwa juzi na kompyuta. Sivyo. Habari ya serikali kumwandika Mmeru daftarini ina zaidi ya miaka mia moja, na kwa sehemu kubwa ya muda huo daftari lilikuwa moja tu, nalo lilikuwa la kutoa. La kupokea lilichelewa mno.

Wajerumani waliingia Meru kwa vita. Oktoba 1896 wamisionari wawili wa Leipzig, Ovir na Segebrock, waliuawa Akheri, na adhabu iliyofuata ilichukua roho za watu na mifugo yao. Baada ya hapo likajengwa boma la Arusha, ambalo kuta zake zingali zimesimama mjini. Kodi ya nyumba ilianza katika koloni mwaka 1898. Kwa nyumba ya kijijini ilikuwa rupia 3, na watawala hawakuficha kwamba pamoja na kujaza hazina walitaka kumsukuma Mwafrika akafanye kazi katika mashamba ya masetla, kwa kuwa rupia hazikuota migombani. Kule Usambara, katika wilaya iliyoitwa Wilhelmstal ambayo leo ni Lushoto, walikwenda mbali zaidi. Kila mwanamume alipewa kadi ya siku 30 za kazi kwa setla, azimalize katika muda wa miezi minne. Kadi hiyo ndiyo wazee waliyoiita kipande.

Sasa msomaji alinganishe. Serikali hiyohiyo ya Berlin ilikuwa imekwisha kutunga, mwaka 1889, sheria ya bima ya uzee kwa wafanyakazi wa Ujerumani, nayo ikaanza kutumika Januari 1891. Mfanyakazi wa kule naye alikuwa na kadi, ikabandikwa stempu kila wiki aliyofanya kazi. Nusu ya mchango ilitoka kwake, nusu kwa tajiri wake, na serikali ikaongeza kitu. Akifikisha umri wa miaka 70 alilipwa pensheni. Kadi mbili, serikali moja, miaka ileile. Ya kule ilihesabu wiki za kazi ili mtu alipwe uzeeni. Ya Usambara ilihesabu siku za kazi ili mtu asiadhibiwe. Nilipokuwa nikifundisha historia chuoni niliwaambia walimu-wanafunzi kwamba wakitaka kuuelewa ukoloni, wasianze na mizinga, waanze na kadi hizi mbili.

Waingereza walipochukua nchi hawakuwa tofauti sana, ingawa walikuwa na adabu zaidi katika kuandika. Wenzetu wa Kenya ndio waliopata shida kubwa. Sheria ya mwaka 1915, iliyoanza kutekelezwa baada ya vita, ilimlazimu kila mwanamume Mwafrika kuwa na kipande chenye namba na alama za vidole, akakitia katika kijaluba cha bati na kukivaa shingoni. Harry Thuku alipokamatwa Machi 1922 kwa sababu ya kupinga kipande, kodi na kazi za kulazimishwa, watu waliokusanyika Nairobi kumdai walipigwa risasi. Tanganyika haikuvikwa bati. Sisi tulikuwa na stakabadhi ya kodi ya nyumba na kichwa, iliyokusanywa chini ya sheria ya mwaka 1922 kwa mkono wa Mangi, washili na makarani wao. Mwanamume aliyefika umri alipaswa kuwa nayo, na akiulizwa njiani aitoe. Wazee walioizika miaka yao katika kodi hiyo waliihifadhi ile karatasi kuliko cheti cha ubatizo, na walikuwa na haki, maana ubatizo haukuwa na askari.

Ikumbukwe pia kwamba katika vitabu vya serikali ardhi ilikuwa na namba. Mashamba ya Engare Nanyuki ambayo Wameru walihamishwa kwa nguvu Novemba 1951 yaliitwa namba 31 na namba 328. Nyumba zilichomwa moto, watu wapatao 3,000 wakaondolewa ili mahali hapo pawekwe wafugaji wa Kizungu. Kirilo Japhet akaenda New York mwaka 1952 kuwasilisha malalamiko Umoja wa Mataifa, akisaidiwa na wakili Earle Seaton, mzaliwa wa Bermuda. Stakabadhi za kodi za miaka thelathini hazikumzuia hata mtu mmoja asitolewe nyumbani kwake. Zilithibitisha kwamba umetoa, basi. Na wakati huo huko Uingereza, tangu tarehe 5 Julai 1948, kila mfanyakazi alikuwa chini ya bima ya taifa na namba yake, akiumwa analipwa, akizeeka analipwa, mjane wake analipwa. Kwa mara ya pili watawala wetu walikuwa na daftari mbili, wakatuletea moja.

Daftari la pili lililetwa na Uhuru. Sheria ya mwaka 1964 ilianzisha mfuko wa akiba ya wafanyakazi, ambao wengi waliujua kwa herufi zake za Kiingereza, NPF. Hatukuwa nyuma sana ya wengine. Jamaika, kisiwa kilichopata uhuru miezi minane tu baada yetu, kilianza bima yake ya taifa mwaka 1966. Mfanyakazi wa shamba la mkonge au la kahawa, dereva, mpishi wa hoteli, aliandikwa, akapewa namba, na kila mwezi kiasi kikakatwa katika mshahara wake huku mwajiri naye akiweka chake. Kwa mara ya kwanza mtu wa kawaida alikuwa na namba ambayo mwenye deni si yeye, ni mfuko. Kasoro yake ni kwamba mwishoni alilipwa fedha zote kwa mkupuo mmoja, na katika miaka ya themanini, shilingi ilipoporomoka, mkupuo huo ulikuwa mdogo kama kidonge. Niliwaona wazee waliostaafu wakanunua mabati, tena yasiyotosha nyumba nzima.

Kodi ya kichwa nayo ilifutwa mwaka 1969, ikarudi katika miaka ya themanini pamoja na halmashauri za wilaya kwa jina zuri la kodi ya maendeleo. Hapa Arumeru tunaikumbuka vizuri. Siku ambazo mgambo walisimama barabarani, wanaume walipita migombani, na mtu mzima mwenye heshima zake aliweza kuonekana akiruka mfereji kama mtoto aliyeiba mapera. Mwaka 1998 watu wa wilaya hii waligoma kuilipa, ikawa ghasia kubwa, hata mtaalamu wa Kiingereza, Tim Kelsall, akaandika makala juu yake katika jarida la African Affairs mwaka 2000. Wengine walisema Wameru ni wabishi wa asili. Mimi sikubaliani nao. Watu walewale walichanga fedha zao kumpeleka Kirilo New York, na wakachanga kujenga shule na makanisa. Walilouliza mwaka 1998 ni fedha zinakwenda wapi, na karani aliyekuwa na daftari la majina hakuwa na daftari la majibu. Kodi hiyo ilifutwa nchi nzima mwaka 2003.

Katika miaka hiyohiyo ndipo zikaja namba tulizo nazo leo. Mamlaka ya Mapato Tanzania iliundwa kwa sheria ya mwaka 1995 na kuanza kazi tarehe 1 Julai 1996, na namba ya utambulisho wa mlipakodi, ambayo kila mtu anaiita TIN, ikawa ndiyo jina la mfanyabiashara mbele ya serikali. Mwaka 1997 sheria nyingine iliugeuza ule mfuko wa akiba kuwa Mfuko wa Taifa wa Hifadhi ya Jamii, NSSF, unaolipa pensheni ya kila mwezi badala ya mkupuo peke yake. Mchango ni asilimia 20 ya mshahara, na mwajiri haruhusiwi kumkata mfanyakazi zaidi ya nusu yake. Watumishi wa serikali wakawa na mfuko wao, na tangu Agosti 2018 mifuko minne iliyokuwapo ikaunganishwa kuwa PSSSF.

Yuko atakayeuliza kwa nini namba, jina lina kasoro gani? Huyo hajapata kuita majina darasani Meru. Majina yetu ya mwisho ni ya koo: Kaaya, Pallangyo, Nnko, Mbise, Nassari, Urio, Sumari. Majina ya kwanza hutoka katika Biblia au katika shukrani za wazazi, na shukrani hufanana. Katika darasa moja nilikuwa na akina Kaaya saba, wawili kati yao jina moja la kwanza, na mmoja wa hao wawili alikuwa ameandikwa kwa tahajia tatu tofauti katika vyeti vitatu. Akiwa shuleni ni jambo la kuchekesha. Akifika miaka 60 na kudai mafao, si la kuchekesha tena. Atatafuta wakili, ataapa kwamba wale watu watatu ni yeye mmoja, naye atalipia kiapo hicho. Namba iliyotolewa mapema na kuandikwa vizuri ingemwondolea hayo yote.

Lakini namba hukaza pia kosa. Kitambulisho cha Taifa huanza na mwaka, mwezi na siku ya kuzaliwa. Wengi wa rika langu mama zao walijua walizaliwa msimu gani wa mahindi, tarehe hawakuijua. Karani akauliza, mtu akasema mwaka wowote unaofaa na Januari mosi, ikaandikwa. Tangu hapo ndiyo siku yake ya kuzaliwa, na ndiyo itakayoamua lini atastaafu, hata kama mdogo wake wa tumbo moja ameandikwa kuwa mkubwa kwake.

Nimesema daftari la kupokea lilikuja. Sijasema limeandikwa ipasavyo. Mama mmoja jirani yangu alifanya kazi miaka kumi na moja katika shamba la maua, na shamba hilo sitalitaja. Alikata mashina, akafunga mashada ya kwenda Ulaya kwa ndege, na kila mwezi hati yake ya mshahara ilionyesha makato ya mfuko. Shamba lilipofungwa alikwenda kuuliza mafao. Katika kumbukumbu ilionekana michango ya miaka minne tu. Ile mingine saba ilikatwa kwake, haikufika. Alinijia na bahasha, akasema, "Mwalimu, hebu nisomee, labda mimi sioni." Nilisoma mara mbili. Alikuwa ameona sawasawa. Kwa bahati hakutupa hati zake za mshahara. Alizitunza katika kopo la unga, zikiwa zimefungwa kwa uzi wa shambani. Bila hizo angekuwa na namba kamili na haki nusu.

Ndiyo maana sikushangaa watu walivyotaharuki Juni 2022, bajeti ilipopendekeza kila Mtanzania wa miaka 18 na zaidi mwenye kitambulisho cha Taifa apewe namba ya mlipakodi. Hapa sokoni ilisemwa kwamba kodi ya kichwa imerudi. Haikuwa kweli, kuwa na namba si sawa na kudaiwa, na asiye na kipato hana cha kutozwa. Lakini niliwaambia vijana wasiwacheke wazee kwa hofu hiyo. Walipoambiwa mwaka 2019 wasajili laini za simu kwa alama za vidole, wazee walipanga foleni hadi Januari 2020 bila kelele, kwa kuwa simu ilikuwa ikiwapa kitu: sauti ya mtoto aliye Dar es Salaam, na fedha anazotuma. Neno kodi lina kumbukumbu nyingine kabisa, nayo ni ya mgambo barabarani.

Wengi wa hapa kwetu hawako katika daftari la kupokea hata sasa. Anayelima kahawa yake, anayeuza nyanya kando ya barabara ya Moshi, anayeendesha bodaboda, hana mwajiri wa kumwekea nusu yake. Sheria inamruhusu ajiandikishe kwa hiari na kuchangia mwenyewe, na baadhi ya vijana wa bodaboda wamefanya hivyo. Nilimuuliza mmoja kwa nini wenzake hawafuati. Akanijibu kwamba wanasubiri kwanza mmoja wao alipwe, wamwone kwa macho.

Yule mama wa maua madai yake yangali yakishughulikiwa. Amenakili namba zake zote kwa kalamu ya risasi ndani ya jalada la kitabu chake cha nyimbo za kanisani, moja chini ya nyingine, na hati za mshahara amezihamisha kutoka kopo la unga hadi sanduku la bati lenye kufuli, kwa sababu ya panya.