Maktaba za Pamoja katika Tarakilishi: Kutoka Kabati la Cambridge hadi Rblas.dll

Neno maktaba, ambalo Kiswahili kimelipata kutoka Kiarabu pamoja na ndugu zake kitabu na katibu, limepata makao pia katika lugha ya tarakilishi. Huenda msomaji akaona kwamba faili isiyosomwa na binadamu haistahili jina hilo. Historia inaonyesha vingine, kwani moja ya maktaba za kwanza za aina hii ilikuwa kabati hasa, lenye vitu vya kuazimwa na kurudishwa.

Tarakilishi iliyoitwa EDSAC ilianza kazi katika Chuo Kikuu cha Cambridge, Uingereza, tarehe 6 Mei 1949. Maurice Wilkes, David Wheeler na Stanley Gill hawakutaka kila mtafiti aandike upya hesabu zile zile, kama vile kutafuta kipeuo cha pili. Basi wakakusanya programu ndogo ndogo zilizotobolewa katika tepe za karatasi. Kufikia 1951, mwaka walipochapisha kitabu chao juu ya kazi hiyo, zilikuwa 87. Mtumiaji aliutoa utepe kabatini, akaunakili katika utepe wake, kisha akaurudisha. Nakala ile ikawa mali yake. Kosa liliposahihishwa kabatini, nakala yake ilibaki na kosa. Lakini pia utepe wa kabatini ulipoharibiwa, yake ilisalimika.

Utaratibu wa pili ulikuja na mradi wa Multics, ulioanzishwa na MIT, Bell Labs na General Electric katikati ya miaka ya 1960. Humo programu haikulazimika kubeba nakala. Ilibeba jina tu, na mashine ikaiunganisha na maktaba wakati wa kazi yenyewe. Windows ilipotolewa mwaka 1985 ilifuata njia hiyo, na sababu yake ilikuwa uhaba: toleo lile la kwanza lilihitaji kumbukumbu ya kilobaiti 256 tu, nafasi isiyotosha kila programu kuwa na nakala yake ya kila kitu. Hivyo zikaenea faili zenye kiishio cha dll. Shida nayo ikazaliwa. Katika miaka ya 1990 programu mpya iliweza kuweka toleo lake la faili juu ya lile lililokuwapo, na programu nyingine isiyohusika ikashindwa kufunguka. Ni kisima kimoja cha mtaa mzima, na kila mgeni ana ruhusa ya kutia dawa.

Programu isiyofunguka, hata hivyo, humwonya mwenyewe. Jambo zito zaidi liko katika uchambuzi wa takwimu. Mwaka 1979 ulichapishwa mkusanyo wa taratibu za hesabu uitwao BLAS, ulioandikwa kwa lugha ya Fortran, na ukapanuliwa mwaka 1988 na 1990 ili kushughulikia matriki. R, iliyobuniwa na Ross Ihaka na Robert Gentleman huko Auckland, New Zealand, na kufikia toleo la 1.0.0 mwaka 2000, huutegemea. Katika Windows taratibu hizo zimo katika faili ya Rblas.dll. Wako wanaoiondoa faili hiyo na kuweka nyingine yenye jina lile lile, iliyotengenezwa kwa kasi zaidi. R yenyewe haibadiliki hata herufi moja, lakini aliyeizidisha matriki si yule wa jana.

Je, jibu laweza kutofautiana? Laweza, na bila kosa la mtu. Ichukuliwe mashine ihifadhiyo tarakimu tatu tu. Ikijumlisha 100 na 0.4, hupata 100, ikiongeza 0.4 nyingine, hubaki 100. Ikianza na 0.4 mbili, hupata 0.8, kisha 101. Maktaba ya kasi hupanga upya mfuatano wa kujumlisha ili kuokoa muda. R huhifadhi takriban tarakimu kumi na sita, kwa hiyo tofauti kwa kawaida ni ndogo mno. Lakini data ambazo vigezo vyake vinakaribia kufanana huikuza, na watafiti wawili wenye data moja na toleo moja la R wakaweza kuandika namba zisizolingana.

Tangu toleo la 3.4.0 la mwaka 2017, amri ya sessionInfo katika R huweza kutaja pia, katika baadhi ya mifumo, maktaba ya hesabu iliyotumika na mahali ilipo. Mstari huo hutokea chini ya jina la toleo, na ni rahisi kuuruka.